Mtu Aliyefunika Mguu

Jumapili jioni, Kadutu. Mvua ilitukuta misani na mpaka sasa haijaacha. Njia ya kuteremkia sokoni imekuwa tope tupu, na viatu vyangu vya Jumapili viko kando ya mbabula, jiko letu la makaa, vinakauka na kunuka. Mke wangu ananitazama, na akinitazama hivyo najua kwamba amekwisha kuamua jambo. Mimi sina huzuni wala furaha. Niko kama mtu aliyepokea mzigo wa mwenzake njiani, halafu mwenzake akatangulia.

Leo nimesema uongo, au nimesema kweli. Bado sijajua ni lipi.

Niandike mambo kwa utaratibu, maana nikianzia mwisho nitaanza kujitetea.

Siku za kazi mimi ni mwalimu wa mwaka wa pili katika shule ya misheni. Jumapili alasiri mimi ni Papa Sinema. Ndivyo watoto wanavyoniita barabarani, na hata watu wazima wengi wamesahau jina langu la ubatizo. Kazi yenyewe ni hii. Padri analeta sinema, tunaziba madirisha ya sale, ukumbi wa parokia, kwa mablanketi, yeye anaiendesha mashine kule nyuma, na mimi nasimama mbele kando ya shuka jeupe, na fimbo yangu ya mwanzi mkononi, nikiwaeleza watu wanachokitazama. Sinema zetu karibu zote ni za zamani, hazitoi sauti. Sauti ni mimi.

Sijisifu, ila sauti ninayo. Tena ninawajua watu wa hapa. Hawapendi kutazama wageni muda mrefu. Mtu asiye na jina anawachosha, wanaanza kukohoa na kutafuta watoto wao gizani. Kwa hiyo tangu mwanzo nilizoea kuwapa watu wa sinema majina ya watu wetu. Mzungu mnene akianguka kutoka juu ya farasi, mimi nasema huyo ni fulani wa mtaa wa juu, jana alizidisha pombe ya kasiksi. Ukumbi mzima unacheka, na huyo fulani akiwapo anacheka kuliko wote. Yule mama anayeonyeshwa akichemsha maji katika sinema ya usafi nimempa jina la mke wa katekista. Farasi nao nimeshawapa majina. Watu wanakuja kwa miguu kutoka Nyantende na wengine kutoka Kasha, na wakiingia mlangoni wanaulizana leo nani atakuwa nani.

Jambo moja hawalijui. Mimi mwenyewe sinema siioni vizuri. Pale ninaposimama ni ubavuni mwa shuka, kwa hiyo kila mtu kwangu ni mwembamba na mrefu, hata yule mnene wa farasi. Ninasema kwa kukumbuka karatasi ninayopewa na Padri, na kwa kusikiliza ukumbi unavyovuta pumzi. Miaka yote hii sijawahi kukaa kwenye benchi nikatazama kama mtu mwingine.

Mwanzoni mwa mwezi huu Padri alipata sinema mpya, yaani mpya kwetu. Utepe wenyewe ulikuwa mzee, umejaa mikwaruzo. Picha zilipigwa ng'ambo, mbali kabisa, zamani ambazo mimi nilikuwa bado mgongoni mwa mama. Kuna mto unaopita katikati ya mji wa Wazungu, na meli kubwa ya mtoni, sisi tunaiita bato, imelala ubavu majini, karibu kabisa na gati. Ajali yenyewe haimo. Mpiga picha alifika mambo yakiwa yamekwisha. Kilichomo ni yale ya baadaye. Watu wamesimama juu ya ubavu wa bato kana kwamba ni uwanja. Wengine wanateremsha kamba ndani ya matundu. Umati umejazana darajani, umeegemea. Kisha wanaume wanaanza kupita wawili wawili, wamebeba ubao, na juu ya ubao kuna mtu aliyefunikwa nguo.

Padri alikuwa na sababu zake. Watu wetu wakivuka ziwa kwenda kisiwa cha Idjwi wanajazana kwenye mashua mpaka maji yanalamba ukingo, halafu wote wanasimama upande mmoja kuwaaga waliobaki. Amewaonya kanisani mpaka amechoka. Alitaka waone kwa macho. Aliniandikia karatasi kwa mkono wake mzuri: uzito, upande mmoja, utii kwa nahodha.

Onyesho la kwanza nilifanya kama kawaida yangu. Juu ya ubavu wa ile bato kuna bwana mmoja mwenye kofia ya majani, amesimama mikono kiunoni, anatazama wenzake wanavyofanya kazi. Nikasema huyo ni fundi wetu wa kushona wa pale sokoni, amekuja kukagua. Kila mtu anajua fundi huyo anavyopenda kukagua kazi za wenzake. Watu walicheka mpaka mablanketi ya dirishani yakatikisika. Hata wale evoluwe, wasomi wetu wenye tai, wanaokaa kwenye viti vya nyuma na kucheka kwa Kifaransa, walisahau Kifaransa chao.

Fundi hakucheka. Jumatatu asubuhi alikuwa mlangoni kwa Padri, akilalamika kwamba nimemsimamisha juu ya bato iliyoua watu, na kwamba huko ni kumwitia mtu mabaya. Padri aliniita. Alisema kuanzia siku hiyo hakuna majina, hata moja, nisome karatasi na kunyamaza. Nikirudia, atatafuta sauti nyingine. Kisha akanyoosha kidole kuelekea darasa langu, bila kumaliza sentensi, nami nikaimaliza kichwani. Mkurugenzi wa shule ni yeye huyo huyo. Nikakubali. Nilimwona fundi kama mtu asiyejua mzaha, lakini nilikubali.

Hapo bado sijasema habari ya mwanamke wa benchi la mbele.

Siku ya onyesho hilo la kwanza, zile mbao zilipoanza kupita, mimi niliishiwa maneno. Kwa mtu aliyefunikwa nguo hakuna cha kuchekesha. Nilisema tu kwamba hawa ndio waliokufa, nikarudi kwenye karatasi yangu ya uzito na utii. Kisha taa, mablanketi yakashushwa, watu wakatoka wakibishana habari ya fundi. Mwanamke mmoja akabaki kwenye benchi la mbele.

Nilimjua kwa sura. Anaitwa Nsimire, mke wa Mugisho, wa Nyantende. Analima mtama na maharage huko kwao na huja Kadutu siku za sinema pamoja na wanawake wa kijiji chake. Aliuliza sinema ile itaonyeshwa tena lini. Nilimjibu kwamba sijui, nikaendelea kukunja shuka. Kusema kweli nilikuwa na njaa.

Katikati ya juma akaja nyumbani kwangu na kikapu cha viazi vitamu. Mke wangu alimkaribisha, akampa kigoda, akarudi kuchambua maharage yake pale pale, maana hapendi kukosa habari. Mimi nilishajua alichokuja kutafuta, au nilidhani najua. Habari ya Mugisho kila mtu wa Nyantende anaijua.

Mugisho alikwenda kutafuta kazi upande wa Kindu, kwenye ule mto mkubwa, akaipata katika bato za mizigo. Mwaka uliopita, msimu wa mvua, alipita mtu wa huku aliyekuwa akirudi kutoka kule, akasema bato moja ilipinduka na Mugisho alikuwa ndani yake. Lakini mtu yule alifanya kazi kwenye bato nyingine. Alisikia, hakuona. Akanywa maji, akaendelea na safari yake, na hajarudi tena.

Kwetu mtu akifia mbali na mwili wake haukurudi, watu wake hukata mgomba wa urefu wake, wakauvika nguo zake, wakauzika shambani kati ya migomba kama wanavyomzika mtu. Siku hiyo ndipo mke analia, ananyolewa nywele, na jina la marehemu linaanza kutajwa kwa sauti ya kumtajia marehemu. Lakini lazima apatikane mtu aliyeona. Aliyesikia hatoshi. Ukizika mgomba wa mtu aliye hai umemuua kwa mkono wako, huko aliko ataanguka. Na yule aliyeona ndiye anayemwambia mama mzazi. Hawezi kumtuma mtu.

Mama mzazi wa Mugisho yuko, na ana nguvu za maneno. Anasema mwanawe hakufa, amepata mwanamke wa kule, atarudi akimchoka. Kila jioni anamwekea sehemu yake ya ugali, na asubuhi anawapa kuku. Bashige, kaka mkubwa, ndiye anayepaswa kukata mgomba, na Bashige anaogopa. Haogopi mama yake peke yake. Anaogopa kumuua ndugu yake.

Basi Nsimire yuko hapo katikati. Si mke, si mjane. Akilia, mama mkwe anamwambia anakiita kifo. Asipolia, wanawake wanaochota maji mtoni wanasema ona, hata yeye anajua kwamba alikimbiwa. Aliomba misa ya marehemu, Padri akamwuliza nani alimwona amekufa. Akarudi nyumbani bila misa.

Nilijua haya yote, na kwa sababu niliyajua, nilidhani nimeelewa. Nilidhani mama huyu wa shambani ameona bato kwenye shuka akaamini ni bato ya mume wake. Kosa kama hilo nimeliona mara nyingi. Kuna mzee mmoja, tangu sinema ya reli, husema treni ilipita ndani ya sale yetu. Kwa hiyo nikaanza kumweleza polepole, kwa ile sauti ninayotumia na watoto wa mwaka wa pili, kwamba mto ule ni wa ng'ambo, kwamba watu wale ni Wazungu, kwamba wengi wao walikwisha kufa kwa uzee. Hakunikatiza. Aliniacha nimalize yote, hata ile sehemu ya uzito na upande mmoja.

Kisha akasema:

"Papa, najua haiko yeye. Ile iko muto ya Bazungu, ya zamani, niko na macho. Lakini ule mutu alisimama, akafunika muguu. Miye nataka tu useme jina yake pale."

Mke wangu aliacha kuchambua maharage.

Nikauliza mguu gani. Akanitazama kwa mshangao, kwa kuwa mimi ndiye niliyekuwa nikieleza. Alisema, kwa sauti ya kawaida kabisa, kwamba mwaka mzima anawaza jambo moja tu usiku akilala, kama kulikuwa na mtu aliyemtoa Mugisho majini, na kama alimtoa, alimlaza vipi. Kwamba kama kule kwa Bazungu, katika kelele ile yote, mtu alikumbuka kufunika mguu, basi labda na kwenye mto wa Kindu alikuwapo mtu. Na kwamba mimi ninawapa watu wote majina.

Nilimwambia Padri amekataza majina. Alisema amesikia. Akaondoka, kikapu akakiacha.

Nilikasirika kidogo baada ya yeye kutoka. Nilisema peke yangu kwamba sinema si matanga, kwamba nina watoto wa kulisha. Mke wangu alisubiri nimalize, halafu akasema farasi wa Bazungu ninawapa majina, mtu wa Nyantende ninamnyima. Akarudi kwenye maharage.

Alhamisi Padri alitaka kuujaribu utepe, alikuwa ameuunga mahali palipokatika, na alikuwa ameamua kuuonyesha tena kwa ajili ya watu ambao hawakupata nafasi mara ya kwanza. Nilimwomba nikae. Akauliza nikae wapi. Nikasema kwenye benchi, mbele, kama watu. Alicheka, akaniacha.

Basi nikaona.

Kwanza niliona kwamba watu si wembamba. Wana mashavu, wana matumbo. Yule niliyemfanya fundi ni mtu aliyechoka, na mikono ile kiunoni haikuwa ya kukagua, alikuwa akijizuia asianguke. Nilipomwona hivyo nilijua sitaweza kumcheka tena. Kisha mbao zikaanza kupita. Katika ule ubao wa tatu au wa nne nguo ni fupi, na mguu umejitokeza, hauna kiatu. Wanapita hivyo hatua chache. Ndipo yule wa nyuma anasema neno, midomo inaonekana, na wanaushusha ubao chini kabisa, hapo hapo njiani, na walio nyuma yao wanasimama kwa sababu yao. Anavuta nguo, mguu unafunikwa. Lakini nguo ni fupi, na sasa kichwa kimebaki wazi. Anasita. Anavua koti lake, anafunika kichwa. Wanabeba tena, wanaendelea.

Ni muda mfupi tu. Mara ya kwanza nilipita hapo nikisema habari ya kumtii nahodha.

Nilijifuta uso kwa mkono wa shati. Padri alipowasha taa akaniuliza kama utepe umeunganika vizuri, nikasema umeunganika, ila vumbi la ukumbi huu ni baya.

Siku zilizobaki sikuamua kitu. Nataka niandike hivyo, kwa sababu kesho huenda nikaanza kujidanganya kwamba niliamua kama mwanamume. Nilifundisha hesabu, nikasahihisha imla, nikaenda kumnyoa mtoto wangu kichwa akaniuma kidole. Leo asubuhi misani bado nilikuwa naambiwa na moyo wangu hili na lile.

Mvua iliwaleta watu wengi kuliko kawaida, maana shambani hakuna cha kufanya. Ukumbi ulinuka nguo mbichi na moshi. Nsimire alikaa benchi lile lile la mbele. Fundi naye alikuwa mbele, mikono kifuani, amekuja kulilinda jina lake. Na mlangoni, hakutaka kukaa, alisimama mtu mpana mwenye kofia, maji yanamdondoka. Nikamtambua Bashige. Sijui Nsimire alimwambia nini ili aje. Sikuuliza na sitauliza.

Nilisoma karatasi. Bato, mto, uzito. Watu walichoka mapema. Bwana mwenye kofia ya majani alipotokea kila mtu aligeuka kumtazama fundi, halafu mimi, nami nikasema kuna mtu amesimama. Mtu mmoja nyuma aliuliza kwa sauti kama Papa Sinema anaumwa. Wakacheka kidogo, kwa heshima.

Zikaanza zile mbao.

Safari hii nilijua pa kutazama. Wa kwanza akapita, wa pili. Nilipouona ubao ule, mwembamba kama kawaida kutoka pale ninaposimama, fimbo yangu nikaiegemeza ukutani. Sikuinua sauti. Nilisema kama mtu anavyosema nyumbani kwake:

"Huyu ni Mugisho wa Nyantende. Alikufa mu muto. Wenzake wanamutoa mu maji. Muangalie, wanamufunika muguu."

Hakuna aliyecheka. Nilisikia benchi likisogea, halafu jingine, na katika mwanga ule wa mashine nikaona watu wanasimama. Fundi alikuwa wa kwanza kuvua kofia. Wengine wakavua. Nsimire hakusimama. Aliinama mpaka paji la uso likagusa magoti, na kilio chake kikatoka taratibu, kikapanda, na wanawake wa Nyantende waliokaa naye wakakipokea, kila mmoja kwa sauti yake, kama wanavyopokea kilio cha nyumba yenye msiba. Nina umri huu na nimelisikia jambo hilo mara nyingi. Sijawahi kulisikia ndani ya sale ya sinema.

Mimi niliendelea kutazama shuka. Koti likavuliwa, kichwa kikafunikwa, wakaendelea.

Padri hakuizima mashine. Angeweza. Aliuacha utepe ukaisha mpaka ncha yake ikawa inapiga piga, na hata hapo alichelewa kuwasha taa. Yalipoteremshwa mablanketi alikuja mbele akaniambia nimwone ofisini kesho asubuhi kabla ya darasa. Alisema kwa Kifaransa. Kiswahili anakijua kuliko mimi, Kifaransa anakitumia akikasirika, au akiwa hataki nione kwamba hakukasirika. Sikuweza kujua ni lipi kati ya hayo.

Bashige alinisubiri mlangoni. Watu walikuwa wakitupita pande zote, wanawake wamemshika Nsimire mikono. Bashige alikuwa amevua kofia, ameikamata kwa mikono miwili. Ni mtu mkubwa kuliko mimi, na macho yake si ya mtu mjinga. Aliona shuka lile lile nililoliona mimi, tena yeye aliliona kutoka mbele.

"Papa, ulimuona?"

Hapo ndipo ningeweza kueleza. Ningesema ng'ambo, ningesema zamani, maneno yalikuwepo tayari, nilikwisha kuyafanyia mazoezi kwa mke wa ndugu yake. Nilimtazama usoni. Mwenye macho haambiwi tazama, na huyu hakuwa ameniuliza ili ajue. Mwaka mzima amebeba jambo hili peke yake, mama yake upande mmoja na shemeji yake upande wa pili.

"Nilimuona."

"Walimufunika?"

"Walimufunika vizuri."

Akaitikia kwa kichwa mara nyingi, polepole. Akasema habari ya kifo ikishatajwa hailali usiku wa pili, kwa hiyo kesho asubuhi mama ataisikia, na ataisikia kutoka kinywani mwangu, kama inavyotakiwa. Mgomba atautafuta mwenyewe alfajiri. Kisha akaweka kiganja kwenye bega lake, kama mtu anayepima, akasema Mugisho alikuwa anamfika hapo. Hakuwa akiniambia mimi. Kiganja kilikaa pale begani muda, halafu akavaa kofia na kuingia mvuani.

Sasa niko hapa na viatu vinavyonuka.

Kesho asubuhi Padri ananingoja ofisini, na watoto wa mwaka wa pili watakuwa wanarushiana chaki. Kesho asubuhi hiyo hiyo mimi nitakuwa kwenye njia ya Nyantende. Nimejaribu kutafuta namna ya kuwa mahali pawili, haipo. Nikirudi labda bado ni mwalimu, labda si mwalimu. Papa Sinema nadhani amekwisha, na kwa hilo naona uchungu kuliko nilivyotegemea, kwa sababu niliipenda kazi ile. Mke wangu amesogeza viatu karibu zaidi na moto. Ametoa shati langu jeupe, la misibani, amelitundika mlangoni. Hakuniuliza kama nakwenda.

Kinachonisumbua si Padri. Ni yule mama. Ninajiuliza nitamwambia nini. Nimesema nilimwona mtoto wake, na mtoto wake sijawahi kumwona hata akiwa hai, mimi na yeye hatukukutana. Akiniuliza uso wake ulikuwaje, uso ulikuwa umefunikwa. Akiniuliza mto, nitasema mto ulikuwa mkubwa na watu walikuwa wengi. Akinitazama sana, sijui. Wazee wa kule wanajua kutazama.

Basi nitamwambia lile moja nililo nalo. Nitamwambia mguu ulikuwa nje, na kuna mtu aliliona hilo. Akasimamisha wenzake, akashusha ubao chini njiani, akaufunika. Nguo ilipokuwa fupi akavua koti lake mwenyewe.

Hilo, mama, nililiona.